Nilivyomhesabia Boni

Jumapili, saa nane mchana. Anoka, Minnesota.

Theluji ya juzi imegeuka tope. Hii ya Machi haina hata heshima ya kuwa nyeupe. Inarundikwa pembeni mwa maegesho na kukaa hapo wiki tatu ikichafuka. Jua limetoka lakini halina kazi linayofanya. Nimezima simu mara tatu leo na kuiwasha mara nne.

Sina hamu ya kuandika. Naandika kwa sababu nisipoandika nitaanza kujitetea, na mimi nikijitetea huwa najiamini upesi sana.

Jana nilichekesha watu.

Nianzie kazini, maana huko ndiko balaa lilikotoka. Huu ni mwaka wa sita nafanya kazi katika nyumba moja ya wazee huko Maple Grove. Naamsha, naosha, navisha, nalisha, nasukuma viti vya magurudumu. Kila Alhamisi baada ya chakula cha mchana, dada anayepanga burudani huzima taa za sebuleni na kuwawekea wazee sinema bubu, zile za zamani kabisa, ambapo watu hutembea mbio mbio na kila mtu ana kofia ya kupoteza. Nyingi ni vichekesho vya michezo. Kuna mechi za mpira kwenye matope ambapo hata mlinda lango hajui lango liko wapi. Kuna mbio za baiskeli ambapo mshindi anafika akiwa ameibeba baiskeli mgongoni. Na kuna ndondi. Wazee wetu wanapenda ndondi kuliko vyote.

Mtu ambaye asubuhi hakukumbuka jina la mwanawe anaona bondia akimpiga refa kwa makosa, anacheka mpaka tunamletea kitambaa. Mimi nasimama nyuma ya viti na kucheka naye. Nimezitazama nyingi mpaka nimeelewa siri yake. Wale watu walijua kuanguka. Wewe unayetazama unajua, kabla mgongo haujagusa sakafu, kwamba huyu atainuka. Halafu hakuna sauti. Ingekuwepo sauti ungesikia mfupa, na hakuna ambaye angecheka.

Lakini katika nyumba hiyo hiyo, filamu ikiisha na taa zikiwashwa, kuanguka ndicho kitu tunachokiogopa kuliko vyote. Mzee akianguka humwinui. Unapiga magoti kando yake, unamwita kwa jina, unamuuliza anaumia wapi, unamwita nesi, na huondoki hapo. Kisha unajaza ripoti. Alikuwa amevaa viatu gani? Sakafu ilikuwa na maji? Nani aliona? Ripoti hizo nimejaza nyingi, na wafanyakazi wapya mimi ndiye ninayewafundisha kuzijaza.

Nimeliandika hilo mapema ili nisije nikajifanya sikujua.

Sasa kuhusu maikrofoni. Kabla ya kuja huku nilikuwa na kazi nyingine kule Nakuru, kazi niliyoipenda. Kwenye vibanda vya video kulikuwa na mtu anayekaa kando ya televisheni na kueleza filamu kwa Kiswahili, iwe ya Kichina au ya Kizungu, maana wengi pale hawakujua lugha hizo wala hawakuzitaka. Mtu huyo nilikuwa mimi. Waliniita Kasuku. Na desturi ya kazi ile ni kwamba watu wa ndani ya filamu huwapi majina yao. Unawapa majina ya watu waliokaa mbele yako kwenye mabenchi. Stelingi, yule asiyekufa, unampa jina la mtu unayemheshimu. Mjinga wa filamu, yule anayepigwa na kila mtu, unampa jina lako mwenyewe. Hiyo ndiyo adabu ya kazi. Mwenye maikrofoni hajifanyi mkubwa.

Miaka yote ile stelingi wangu alikuwa Boni.

Boni ni kaka yangu, amenipita miaka saba. Alikuwa bondia. Alipigana miaka kumi na moja, uzito mwepesi, kwanza klabu ya mtaani, halafu timu ya kazini kwake. Hakuwahi kuwa bingwa wa jambo lolote kubwa. Alishindwa mara nyingi, kwa pointi. Lakini ana jambo moja ambalo kila Mkenya wa Minnesota amelisikia, na Wazungu kadhaa wa Lakeville anakoishi pia: hajawahi kuhesabiwa kumi, ile hesabu ya refa inayomaliza pambano. Ameangushwa, ndiyo, hata mara tatu katika pambano moja. Lakini refa akifika saba, akifika nane, Boni yuko kwa miguu yake na glavu ziko juu. Harusini analisema. Matangani analisema. Halafu ananinyooshea kidole. "Muulize Kasuku," husema, "alikuwepo."

Na ni kweli. Nilikuwepo. Mara zote.

Boni ndiye aliyenileta Amerika. Hilo nalo analisema. Siku ya kwanza alikuja kunichukua uwanja wa ndege akiwa na koti lake zito mkononi, akanivalisha pale pale mlangoni kama mtoto wa shule. Nililia ndani ya gari na hakunicheka. Nampenda kaka yangu. Pia nimechoka kuwa mtu aliyeletwa. Yote mawili ni kweli na sijui jinsi ya kuyapanga.

Mambo ya kikombe yalianza Krismasi ya mwaka juzi. Chai ilimwagika kidogo, akacheka, akakiweka mezani. Krismasi iliyopita alikishika kwa mikono miwili. Hadithi ya pambano la Eldoret aliisimulia mara mbili kabla hatujamaliza wali. Hatua zake zimekuwa fupi, nyayo haziinuki vizuri, na uso wake umepunguza kusogea. Angekuwa mzee wa kwangu kazini, ningekuwa nimemwandikia nesi siku hiyo hiyo.

Lakini alikuwa Boni. Kwetu mdogo hamwambii mkubwa kwamba mikono yake inatetemeka. Nikajiambia shemeji Lilian, mkewe, ni nesi, ameona. Nikala keki nikarudi Anoka.

Jana ilikuwa siku ya familia za Wakenya, alasiri, kwenye ukumbi wa kanisa Maple Grove. Mwenyekiti wa kamati alikuwa amenipigia mwezi mzima akilalamika kwamba watoto wetu wanasikia Kiswahili lakini wanajibu Kiingereza, na kwamba kila tukileta mwalimu wanakimbilia simu zao. Nikamwambia niachie mimi. Kulikuwa na filamu isiyo na maneno, nami nilikuwa na maneno yaliyokaa miaka bila filamu. Niliazima diski kazini, nikapata projekta, nikafanya mazoezi ndani ya gari siku nne. Niseme ukweli, sijafurahi hivyo tangu nifike nchi hii.

Filamu yenyewe ni rahisi. Mhudumu wa hoteli, mwembamba, kwa bahati mbaya anammwagia supu mwenye bucha, jitu lenye shingo ya ng'ombe, na wanalazimishwa kumaliza ugomvi ulingoni. Mhudumu hajui ngumi. Anamwomba radhi mwenye bucha kila raundi. Mtu amepaka gundi kwenye stuli yake, kwa hiyo anapigana akiwa na stuli imemng'ang'ania makalioni. Anaanguka kama mara thelathini. Nilishaamua kwamba mwenye bucha ataitwa Mwenyekiti, refa ataitwa Pasta, na mhudumu ataitwa Kasuku, kama desturi inavyotaka.

Halafu Boni akapewa nafasi ya kunikaribisha.

Alikuja mbele polepole, Lilian akimshika kiwiko. Alikuwa amependeza, suti ya bluu. "Huyu ni kandugu kangu," akasema. "Mnamwona ako smart hivi? Mimi ndio nilimleta. Hata hiyo koti amevaa ni yangu!" Ukumbi ukacheka. Koti lilikuwa lake kweli. Nilikuwa nimelivaa kwa sababu ndilo zuri nililo nalo. Nilicheka pia, lakini nilihisi masikio yakiwaka moto.

Taa zikazimwa. Mhudumu akatokea ukutani na trei yake, magoti yamekutana, suruali imemzidi. Nikainua maikrofoni. "Na huyu mwembamba ni nani, jamani? Si ni Boni huyu!"

Sikupanga. Hiyo si sababu, najua. Nilitaka kumpunguza kidogo tu, mara moja, mbele za watu.

Ilikuwa kazi nzuri, nisikatae. Watu walilia kwa kucheka. Kina mama wa kamati walishikana mabega. Boni akianguka ukutani nilimwombea maji, Boni akiinuka nilimkumbusha stuli iko nyuma. Watoto waliacha simu. Walikuwa wakipiga kelele, "Boni! Boni!" na Boni mwenyewe, amekaa safu ya pili, alikuwa akicheka kuliko wote na kuinua ngumi mbili hewani. Sikuona chuki usoni mwake hata chembe. Hilo ndilo linaloniuma zaidi leo.

Kisha mtu fulani akapaza sauti, "Boni aonyeshe!" Naye akainuka, akavua koti la suti. Lilian alimvuta mkono, nilimwona, na mimi mwenye maikrofoni nikasema, "Bingwa anapanda ulingoni! Mpisheni!"

Ni mimi niliyesema. Hakuna mwingine aliyekuwa na maikrofoni.

Akasimama kati ya viti na meza ya chakula. Akarusha mkono wa kushoto, mara mbili, na kwa hizo mara mbili alikuwa yule yule wa Nakuru, bega limefunika kidevu. Miguu ikataka kumfuata ikashindwa. Akayumba upande, akashika kitambaa cha meza, na meza ikaja naye. Mandazi yakaruka. Jagi la juisi likapinduka. Bakuli la kachumbari likatua kifuani mwake. Na ukutani, wakati ule ule, mhudumu akapigwa ngumi ya kidevu akaanguka chali na stuli yake.

Sijawahi kusikia kicheko kama kile maishani mwangu.

Nikaanza kuhesabu. Moja, nikasema kwa sauti ya refa. Mbili. Kwenye tatu ukumbi mzima ukanidaka. Watoto ambao hawawezi kuniamkia kwa Kiswahili walikuwa wanahesabu kwa Kiswahili safi kabisa, wakipiga miguu sakafuni. Mwenyekiti alinitazama na kuinua dole gumba.

Boni alikuwa amelala ubavu, macho wazi. Mkono wake wa kushoto ulikuwa umeinuka, vidole vinafumbuka na kufumba hewani bila kushika kitu. Nilidhani anaigiza. Halafu nikaelewa kwamba alikuwa anatafuta kamba ya ulingo ajiinulie.

Binti yake Joy, ana miaka kumi na tano, aliruka viti viwili akaninyang'anya maikrofoni. "Uncle, stop! He's not playing!" Sauti yake ilitoka kwenye spika zote, kwamba baba yake haigizi. Yeye aliona mara moja kile ambacho mimi nimesomea kukiona.

Watu walinyamaza kwa zamu, safu ya mbele kwanza. Lilian alikuwa tayari amepiga magoti kwenye juisi, anamwita kwa jina, anamuuliza anaumia wapi. Alifanya yote kama inavyotakiwa. Mimi nilisimama. Nimefundisha watu nini cha kufanya, na nikasimama pale na mikono mitupu. Hakuna aliyekumbuka kuzima projekta, kwa hiyo mhudumu aliendelea kukimbizwa ukutani na mwenye bucha mpaka gari la wagonjwa likafika.

Pale nje, mlango wa gari ukiwa wazi, nilimwambia Lilian, "Shemeji, sikujua." Aligeuka. Hakupiga kelele, afadhali angepiga.

"Daktari alituambia Januari," akasema. "Ni hizo ngumi. Kichwa kimechoka. Boni ndiye alikataa uambiwe. Alisema Kasuku akijua ataanza kunihurumia, na mimi ndio mkubwa." Akapanda garini, halafu akainama tena. "Miezi miwili namfundisha kuinuka kwa kiti polepole. Wewe umempa ulingo."

 

Walimlaza jana, leo asubuhi wamemruhusu. Hakuvunjika kitu. Yuko nyumbani Lakeville. Haya nimeyajua kwa Joy, kwa maneno manne ya simu, bila salamu.

Lakini video imefika kila mahali. Kuna mtu aliyekuwa anarekodi, mtu huwa hakosekani. Kwenye kundi letu la WhatsApp watu ambao hawakuwepo wanaandika kwamba hawa ndugu wawili walipanga vizuri, kwamba tuandae nyingine kiangazi. Vikaragosi vya kucheka vimejaa mpaka chini. Waliokuwepo wamenyamaza. Hakuna aliyesema, jamani, mtu aliumia. Na mimi pia sijasema.

Nimeitazama mara moja na sauti, nikashindwa. Nikaizima sauti nikaitazama tena. Sijui kwa nini nilifanya hivyo. Pengine nilitaka kuona kama bado inachekesha. Bila sauti yangu, ni mtu mwenye mvi aliyeanguka juu ya chakula, amezungukwa na watu zaidi ya mia, na kwa muda mrefu hakuna anayemsogelea.

Kwenye sinema za Alhamisi nilikuwa najua kwamba mtu ataanguka vizuri. Sasa najiuliza kama wale waigizaji waliumia, na nani aliyekuwa amesimama nyuma ya kamera.

Saa sita hivi simu ililia. Boni. Nilidhani ni Lilian anatumia simu yake, nikaiacha ilie mpaka karibu ikatike.

"Kasuku," akasema. Maneno yake yanatoka moja moja siku hizi. "Lilian ameenda duka. Niambie haraka. Nilianguka?"

"Ulianguka, Boni."

"Sikumbuki. Nakumbuka kushoto mbili." Akapumua. "Joy anasema ulikuwa unahesabu."

"Nilikuwa nahesabu."

"Ulifika ngapi?"

Nilikuwa nimesimama jikoni. Nilishika ukingo wa sinki.

"Nane," nikamwambia.

Nikamsikia akicheka kidogo, kile kicheko chake cha puani. "Nane ni sawa," akasema. "Nane nilikuwa najipumzisha tu. Nilikuwa bado ndani." Akaniomba nisimwambie Lilian kwamba amepiga. Akaniuliza kama nimekula. Akakata.

Nimekaa na hiyo nane yangu tangu saa sita. Nilijaribu kulala, nikajaribu kufua. Nimeandika yote hapo juu kwa utaratibu, kama ripoti ya kazini, viatu gani, sakafu ilikuwaje, nani aliona. Ukirudi juu utaona kuna mahali nilihesabu mpaka tatu, nikaanza kuzungumzia watoto.

Nilifika kumi.

Joy aliponifikia nilikuwa nimeshamaliza. Nilifika kumi, sauti ya wazi, ukumbi mzima nami, na nilipofika kumi nilipunga mikono yote miwili juu ya kichwa kama refa anavyofanya pambano likiisha. Watu wakapiga makofi. Kwenye video inaonekana vizuri.

Boni hajui kufungua video za kundi, huwa anamwomba Joy. Leo au kesho atamwomba. Kesho zamu yangu inaisha saa tisa. Nitaenda moja kwa moja Lakeville, nitampa koti lake, nitakaa mbele yake na kumwambia nilifika ngapi. Kisha akiniuliza kama ni kweli, maana miaka yote mimi ndiye shahidi wake, itabidi niseme nilikuwepo.